Sauti Arobaini na Moja

Ujumbe wa kwanza wa sauti kupotea kwenye simu ulikuwa wa sekunde nane. Haika aliubonyeza kwenye treni ya Lewisham, huko ughaibuni, kama alivyofanya kila asubuhi tangu mama yake afariki Moshi na yeye akashindwa kwenda kumzika kwa sababu ya viza. Ulipaswa kusema, "Haika mwanangu, umekula?" Mstari ulisogea hadi mwisho. Kimya. Akabonyeza wa pili, mama alikuwepo. Akalaumu simu.

Sauti hizo za mama zilikuwa arobaini na moja. Hakuwa na kingine cha mama.

Kazi yake ilikuwa kukarabati filamu za kale katika chumba cha chini kisicho na dirisha. Wiki ile alikuwa na Edith Carrow, mwigizaji wa zama za sinema bubu. Maisha yake yalienea kwenye faili jembamba: filamu kumi na tisa kwa miaka minane, uso wake kwenye makopo ya biskuti, halafu sinema zikaanza kusema. Wakampima sauti, wakacheka. Hakupewa kazi tena. Alifia chumba cha kupanga, na filamu zake zikachomwa kupisha nafasi, isipokuwa kipande cha dakika nne kilichonuka siki kwa kuoza.

Mwishoni mwa kipande hicho Edith anageuka, anaitazama kamera, anasema neno moja. Haika alitakiwa kuliandika. Siku moja kabla ya sauti ile ya kwanza kupotea, alikirudisha kipande mara ishirini akifuata midomo. Mara ya ishirini na moja akaelewa. Midomo ilisema: Haika.

"Abee," akaitika.

Ilimtoka tu, kama inavyomtoka binti aliyelelewa kuitika akiitwa na mkubwa. Mama alimfundisha hivyo. Mama huyohuyo alimwonya asiitike kabla hajajua anayemwita ni nani.

Kufikia Ijumaa zilibaki sauti kumi na mbili, na nyumba nzima ilinuka siki. Binamu yake Placida, muuguzi aliyepanga naye nyumba, alimvuta jikoni.

"Usinione chizi," alinong'ona. "Nani yuko bafuni?"

"Hakuna mtu."

"Nimemsikia mamdogo. Ameniuliza kama nimekula."

Wakasimama wameshikana mikono, mchana kweupe, watoto wa jirani wakipiga mpira nje, na nyuma ya mlango wa bafu, katikati ya matone ya bomba, ikaja sauti ya mama, ileile, na kikohozi chake kidogo kabla ya kutaja jina, ikijaribu neno mojamoja taratibu kama mtu anayevaa viatu vya mwenzake kuona kama vinamtosha.

Jumamosi wakamwendea Mzee Zein, mtu wa Lamu, mtoa majini aliyeishi juu ya mgahawa mmoja karibu na Edgware Road. Aliifunika kengele ya moshi kwa kofia ya kuogea. "Bila hii, wazimamoto watafika kabla ya jini," alisema. Placida akacheka, kisha akalia.

Ubani ukapanda. Kichwa cha Haika kikaanguka kifuani.

"U nani? Wataka nini?" mzee akauliza.

Kinywa cha Haika kikafunguka. Sauti iliyotoka ilikuwa ya mama. "Edith. Miaka mia nimefumbwa mdomo. Niliita, huyu akaitika."

Haika alipozinduka, mzee hakumficha. "Naweza kumtoa sasa hivi. Ila alichokimeza hakirudi. Ataondoka nacho."

"Na akibaki?"

"Akimaliza ya mamako, ataanza yako."

Haika akatazama simu. Imebaki sauti moja. Akaibonyeza. Kimya.

"Nipe mpaka Jumatatu, babu. Nimuage mama tu. Kule sikumuaga."

"Mwanangu, jini hapewi miadi."

Lakini Haika alikuwa ameshachukua koti.

Jumatatu, saa tisa alasiri, Placida alirudi kutoka zamu. Mezani palikuwa na sahani mbili za ndizi nyama. Haika alikuwa ameketi ameuelekea mlango wa bafu, akisimulia kitu kirefu, mikono ikipaa, machozi na tabasamu usoni pamoja. Midomo yake ilicheza vizuri ajabu. Hakuna sauti iliyotoka.

"Haika!"

Midomo ikaitika. Kimya.

Bafuni mtu akakohoa kidogo.

"Placida mwanangu," sauti ikasema kwa upole, "mwache mwenzio ale kwanza."