Mimi Si Fanicha

Kitu cha kwanza kilichomtia Husna shaka kilikuwa mlio wa kiti. Haukuwa mlio wa kutisha. Ulikuwa ule mlio mdogo wa mbao iliyochoka, kwii, unaosikika mtu mzito anapojiweka sawa ili asikilize vizuri. Jambo lenyewe lisingekuwa jambo, lau chumbani mwake kungekuwa na kiti.

Hakikuwepo. Palikuwa na kitanda cha kamba, kabati lisilofungika, na meza ambayo mjomba wake, askari wa lango huko Diani, aliitengeneza kwa mlango wa jumba la wageni lililobomolewa, tundu la ufunguo likiwa bado lipo. Juu ya meza palikaa kompyuta. Husna mwenyewe alikalia ndoo ya rangi iliyopinduliwa, na ndoo haina mbao ya kulia.

Kazi yake ilikuwa udereva wa lori, ila lori lenyewe lilikuwa la mchezo wa kompyuta. Kila siku baada ya adhuhuri, mamake akiwa amejinyoosha ukumbini na stima ya kijiji chao, kwenye njia ya kwenda Bodo, ikiwa bado haijachoka, Husna alipakia magogo na kuyapeleka milimani, katika nchi ya theluji ambayo hakuwahi kuifika. Alirekodi safari nzima akiisimulia kwa Kiswahili cha kwao kilichonyooka, kisha akaipandisha video mtandaoni. Watu wa Mkwiro, kisiwani ng'ambo, walimtazama, na watu wa Mkwiro walioko Muscat walimtazama zaidi. Hawakufuata lori. Walifuata sauti, nzito kidogo kwa chini, yenye kicheko kilichojificha. Sauti ambayo Husna aliipenda kuliko uso wake, wala hakuona haya kusema hivyo.

Kila safari aliianza kwa maneno yaleyale: "Karibuni nyote, mnaoonekana na msioonekana. Garini mna nafasi."

Kwa wasioonekana alikusudia wale wanaotazama bila kuandika neno. Hakufafanua.

Mlio wa pili ulisikiwa na Ngina, jirani yake, msusi ambaye wazazi wake walitoka Ukambani kuja kulima mashamba ya makazi yaliyogawiwa na serikali, na ambaye alimsaidia kukata video wateja wakiadimika.

"Husna, umebuy kiti na hujaniambia?"

"Unakiona wapi?"

Ngina alivua hedifoni, akatazama ndoo, akatazama kitanda, akazirudisha masikioni, akazivua tena. "Basi sijaskia kitu. Wacha niende nikapike."

"Saa nane hii unapika nini?"

"Chochote."

Baadaye ilikuja harufu. Ilikuwa ya marashi ya waridi yaliyooza, yamechanganyika na tope la mikoko maji yakitoka, nayo ilipenya kwenye tundu la ufunguo la ile meza, kana kwamba upande wa pili mlikuwa na chumba. Husna aliliziba tundu kwa kitambaa. Siku iliyofuata kitambaa kilikuwa sakafuni, kimekunjwa vizuri.

Halafu akakiona kiti. Ndani ya lori la mchezo, kando ya dereva, mlikuwa na kiti cha abiria. Alipokuwa akicheza kilikuwa kitupu, kimejaa sifongo yake yote. Alipotazama alichokirekodi, kilikuwa kimebonyea.

Na aliyekibonyeza akaanza kusema. Alisema kwa sauti ya Husna mwenyewe, hata kicheko kilikuwemo, maneno ambayo Husna hakuyatamka: "Punguza mwendo, mwanangu, mbele mna kona." Kona ikaja. "Shikamooni nyote. Msalimieni mama."

Watazamaji walifurahi, wakaongezeka. Mmoja wa Muscat aliandika kwamba abiria ana adabu kuliko dereva.

Asubuhi yake Husna alitoka uani, akamkuta mamake, Bi Biasha, akichambua mchele, akafungua kinywa amwamkie. Shikamoo haikutoka. Ulimi ulikwenda mahali pake, midomo ikajipanga, na pumzi ikapita kavu kama inayopita kwenye chupa.

"Mtu hata salamu?" Bi Biasha hakuinua macho. "Umekuwa mtu mkubwa, sivyo? Watu wa Arabuni wanakutazama, mamako si kitu."

Husna alitaka kusema mama. Nayo haikutoka. Maneno mengine yalitoka, mengi tu. Hayo mawili hayakuwepo, kama meno yaliyong'olewa; alipojaribu kona na mwendo, nayo hayakuwepo. Hapo ndipo alipoelewa. Kila neno ambalo abiria alilisema kwa sauti yake, kwake lilikuwa limekwisha. Abiria hakuwa na haraka. Siku angemaliza maneno, mmoja wao angekuwa na sauti na mwingine angekuwa na kinywa tu.

Mtu mwingine angeitupa kompyuta mikokoni, na Bi Biasha, alipoelezwa kwa ishara na machozi, alikwisha kuinyanyua. Husna aliushika waya. "Ukiitupa atakwenda nayo," alimwambia polepole, akichagua maneno kama anayepita penye miiba. "Kila alichochukua kimo humo. Niache nimsikilize."

Siku hiyo walimsikiliza wote watatu, Ngina akiwemo, wamejibana kitandani. Video ilionyesha theluji na barabara. Kisha ile sauti, bila kicheko sasa: "Nimechoka kukaa kwenye picha. Nataka kiti. Nikipewa kiti, wallahi natoka, sirudi nyumba hii."

"Astaghfirullah," alinong'ona Bi Biasha, akaenda kuvaa buibui.

Alirudi na Mzee Boga, mganga wa Msambweni, ambaye kabla ya kufukiza ubani alitundika ukutani cheti chake cha utabibu wa asili, kimetiwa plastiki, chenye mihuri miwili mmoja juu ya mwingine. Akaisoma nambari yake kwa sauti, huenda jini angetaka kuhakiki.

"Nisikilize, mjukuu wangu," alisema chini chini. "Jini akisema kiti, hasemi mbao. Kiti ni mtu. Anakaa ndani yako, anasema kwa kinywa chako, nawe unapata utulivu. Utampa marashi, shuka jekundu, asali kidogo Alhamisi. Viti viko vingi. Wameolewa, wanafanya biashara, wanapiga kura."

"Na sauti yangu?"

"Itakuwepo. Itakuwa na mwenyewe mwingine."

"Mimi si fanicha," alisema Husna.

"Ewe mtoto!" Bi Biasha alimbana mkono. "Anasikia!"

"Asikie. Mzee, jini akiapa, kiapo kinamfunga?"

"Huyu ametaja jina la Mungu. Akikivunja ataungua."

"Alisema mtu? Ngina, rudisha pale. Alisema mtu, au alisema ile... ile..." Neno lilikwama, nalo lilikuwa limeshachukuliwa. Akaigonga ndoo kwa kisigino. "Alisema kile nisichokuwa nacho?"

Ngina alirudisha. Nataka kiti. Nikipewa kiti. Wakatazamana.

"Haijawahi kufanywa hivyo," alisema Mzee Boga.

"Imekatazwa?"

Mganga alikigeukia cheti chake, akakisoma mpaka kwenye mihuri. "Hapa hawakusema," alikiri.

"Niko na kiti," Ngina alisema. "Lakini si yangu."

Kilikuwa cha mbao, kizito, na mgongoni kimeandikwa kwa rangi nyeupe: MALI YA SERIKALI. USIONDOE. Ngina alikiazima ofisi ya naibu chifu kwa harusi ya dadake, na tangu harusi mpaka dadake kujifungua alikuwa akijaribu kukirudisha. Ofisi ilikuwa imefungwa. Naibu chifu alikuwa mkutanoni, mkutano uliokuwa ukiendelea tangu mvua za mwaka jana.

Kesho yake walikiweka kando ya ndoo. Mzee Boga alikaa mlangoni na chetezo chake, Bi Biasha nyuma yake na tasbihi, Ngina kwenye spika. Husna akaketi kwenye ndoo, akawasha lori, akaanza kurekodi. Kwa muda hakukuwa na lolote ila theluji. Kisha bati la paa, lililokuwa likialika ta-ta-ta kwa jua, likanyamaza, na kuku wa nje wakanyamaza, na ile harufu ikamiminika kutoka kwenye tundu la ufunguo lisilofungua mlango wowote, ikajaa chumba hadi moshi wa ubani ukasogea pembeni kama mtu anayempisha mkubwa wake, na ndani ya lori kile kiti cha abiria, ambacho siku hiyo kilikuwa kimebonyea hata ndani ya mchezo, kikaanza kuinuka polepole, polepole, kama anavyonyanyuka mtu mnene kwa kushika magoti yake, na Husna hakugeuka, alishika usukani na kukata kona, huku akisikia ubaridi ukipita nyuma ya shingo yake, ukizunguka ndoo, ukisita, ukimtazama kutoka utosini mpaka miguuni kama anayepima nguo, kisha, karibu na bega lake la kushoto, kiti cha serikali kikasema kwii.

"Hiki si kiti nilichokitaka." Sauti haikutoka kwenye spika. Ilitoka pale kando, na ilikuwa yake.

"Umerekodiwa," alisema Husna. Macho yalikuwa barabarani. "Ngina."

Ngina alibonyeza. *Nikipewa kiti, wallahi natoka.*

"Nilikusudia wewe."

"Hukufafanua. Na mimi niliposema wasioonekana sikufafanua, ukaingia. Tuko sawa. Ngina!"

*Wallahi natoka.*

"Nitakivunja."

"Kivunje. Ni cha serikali. Utaandikisha taarifa, uambiwe usubiri."

Kiti kilitikisika kwa miguu yote minne. Harufu ilipanda hadi Bi Biasha akajifunika uso. "Ngina!" *Wallahi.* "Tena!" *Wallahi. Wallahi.* Na kila lilipopigwa, kitu kiliungua mahali fulani, kama nywele kwenye mshumaa, mpaka ile sauti ikalia mara moja, fupi, kisha mbao ikalia kwa uzito wa mtu anayeegemea nyuma ameshindwa, na paa likaanza tena kualika.

Husna alilamba midomo. "Kiti," alisema. Likatoka. Akageuka mlangoni. "Mama. Shikamoo."

"Marahaba," alisema Bi Biasha. "Marahaba, marahaba, mwanangu," kama anayejibu salamu zote zilizompita.

Jioni hiyo hiyo walikirudisha kiti. Dereva wa tuktuk alilalamika kwamba gari linavuta kama limebeba watu wanne, akaambiwa mizigo ya serikali ndivyo ilivyo. Mfagizi wa ofisi, ambaye siku hiyo walimkuta, aliwafungulia, wakakiweka nyuma ya meza ya naibu chifu, mfagizi akafunga tena kwa kufuli. Video za Husna zilirudi kuwa na mtu mmoja. Watu wa Muscat walimuulizia abiria, Husna akawajibu kwamba amepata kazi.

Ikawa miezi. Kisha Ngina alikwenda kutafuta muhuri wa kitambulisho, akarudi anakimbia, kiatu kimoja mkononi.

"Husna, kuna mtu kwa hiyo ofisi. Imefungwa na kufuli, lakini watu wanabisha na wanajibiwa. Hakuna mtu ameshangaa. Wanaambiwa rudini kesho, na wanaenda."

"Basi ni naibu chifu."

"Ni sauti yako."

Husna aliifunga leso kichwani, akatembea hadi ofisini jua likiwa utosini. Kwenye ubao wa kukalia nje ya mlango palikuwa na watu watano, kila mmoja na karatasi yake, wametulia kama watu waliozoea. Aliwapita, akabisha.

"Hodi."

"Rudi kesho," ilisema sauti yake ndani, na kicheko kikiwemo.

Watu wa ubaoni walianza kunyanyuka. Husna hakuondoka. Alitoa simu, akaiweka juu ya tundu la ufunguo, akabonyeza kitufe chekundu.

"Sema tena," alisema. "Narekodi."

Ndani kicheko kilikatika. Halafu, taratibu sana, alisikia kiti kikisogezwa nyuma, kama cha karani anayenyanyuka kuja kufungua.