Furukombe wa Paa la Ussi

Askari alipenyeza mkono kwenye makuti ya paa la Ussi, pale Ndagoni, akavuta kipande cha gunia kilichofungwa kwa kamba ya usumba wa nazi. Ilikuwa asubuhi ya Jumatatu, mwezi wa Machi, mwaka 1909. Alipokifungua, zikaanguka mbawa mbili, mkia, na kichwa cheupe kilichokuwa bado na ngozi ya shingo, vyote vimepakwa chumvi. Watu waliojaa uani wakarudi nyuma wakikanyagana.

"Furukombe," akasema Mbaraka, msaidizi wa akida.

Wadachi walikuwa wamepiga mbiu kisiwa kizima: tai, kipanga, furukombe na bundi wasiuawe, wala mtu asikutwe hata na unyoya wao mmoja. Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Hivi mla samaki wa bure naye ana serikali ya kumtetea? Kicheko kilikwisha siku mtu wa kwanza alipotiwa mnyororoni miezi sita, na sasa askari walikuwa wanapekua nyumba kwa nyumba.

Ussi alikuwa ametoka dago, kambi ya wavuvi kisiwani Shungimbili, alfajiri ile ile, baada ya siku tisa za kuvua. Mkewe, Mwanahalima, alikuwa kwa mamake kama ilivyo ada ya mimba ya kwanza. Nyumba ilikuwa tupu muda wote huo.

"Mimi sikuwepo, bwana!" Ussi akalia. "Waulize wenzangu wa dago!"

Mbaraka akaibonyeza ngozi ya shingo. "Ni kweli, afande. Huyu hajakauka. Ameuawa juzi, na juzi Ussi alikuwa Shungimbili."

"Sheria haiulizi aliyeua," askari akajibu, akimpitishia Ussi mnyororo shingoni. "Inauliza manyoya yamekutwa kwa nani. Maji yakijaa adhuhuri nampeleka bomani Chole. Ukiniletea mwenye manyoya haya kabla ya hapo, nitamwachia. Usiponiletea, basi."

"Mbaraka, ndugu yangu," Ussi akasema kwa sauti ndogo, "mwanangu azaliwe babake yumo mnyororoni?"

Mzee Matano, mwadhini na mchinjaji wa mji, akasogea. Mkono wake wa kulia ulikuwa umefungwa kitambaa kifundoni. Uji wa moto ulimmwagikia, alisema. Akainua mikono yote miwili akamwombea Ussi dua ndefu, na watu wakaitikia amin.

Mbaraka hakuweza kukaa. Kwa kawaida yake alikuwa mtu asiyetulia, akifikiri sharti atembee, na watu humtania kwamba aliwahi kukalia siafu. Siku hiyo alizunguka nyumba ile mara nyingi mno, furushi la manyoya kwapani, jua likipanda na maji nayo yakipanda. Hatimaye akashika njia ya shamba la Jabir bin Hamdu.

Jabir alikuwa na ugomvi na Ussi, na mji mzima waujua. Mbuzi wa Jabir walimlia Ussi mihogo, wakafikishana kwa akida, Jabir akashindwa.

"Uliapa atakukoma," Mbaraka akamwambia, hata kahawa hajaionja.

"Niliapa, na wallahi bado naapa! Lakini mimi ni mtu wa kuficha mizoga kwenye makuti ya watu? Hebu lete hapa." Jabir akazigeuza mbawa juani. "Mimi nina bunduki na cheti chake. Nikimtaka ndege, nampiga risasi. Unaona tundu?"

Tundu halikuwepo.

"Na juzi ulikuwa wapi?"

"Harusini Kilindoni, siku tatu. Muulize akida wako, tumekula naye sinia moja. Yeye kala zaidi."

Hilo halikuhitaji shahidi, maana akida alirudi kutoka harusini akiugua tumbo na hadi asubuhi hiyo alikuwa kitandani. Mbaraka akahema. Alitamani mkosaji awe Jabir. Ingekuwa rahisi, tena kwa Jabir asingeona huruma.

Akakiinua kichwa cha ndege apate kukifunga tena, na hapo ndipo alipoitazama shingo vizuri. Ilikatwa kwa mbele, chini ya koromeo, pigo moja. Mfupa wa nyuma haukuguswa.

"Jabir, mtu akitaka manyoya tu, anamuuaje ndege?"

"Anamnyonga. Au anampiga rungu." Jabir akainama, kisha akaguna. "Lo! Huyu kachinjwa. Nani huyo mwenda wazimu? Ndege mwenye kucha za kurarua haliwi, hata umsomee Kurani nzima."

"Hakukusudia kumla," Mbaraka akasema polepole. "Mkono umezoea, basi ukafanya wenyewe."

Akazifungua mbawa. Manyoya marefu yalikuwa yamevunjika katikati, upande huu na upande huu, mahali pamoja. Palikanyagwa. Na watu wengi pale mjini, akichinja mmoja, wa pili hushika. Aliyezoea kuchinja peke yake, mbawa chini ya mguu, alikuwa mmoja tu.

Njiani Mbaraka aliomba awe amekosea. Alipita kwake akachukua jogoo, akampitia askari, akabisha hodi kwa Mzee Matano. Huyu ndiye aliyechinja mbuzi wa akika yake alipozaliwa.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Karibu. Kuna habari za Ussi?"

"Bado. Nichinjie jogoo huyu kwanza."

Mzee Matano akamtazama askari aliyesimama mlangoni, akamtazama jogoo. Ndani ya nyumba mwanawe Somoe alikuwa akiugulia. Miezi mingi sasa alikuwa halali wala hali, na mganga amesema ana pepo. Mzee akamlaza jogoo, akazikusanya mbawa zote mbili chini ya mguu wa kushoto, akamwelekeza kibla, akataja jina la Mungu, akakata. Pigo moja, mfupa haukuguswa.

Mbaraka akachutama. Akaweka bawa la jogoo kando ya bawa la furukombe. Manyoya yamevunjika vilevile.

"Mbawa zilibanwa na mguu, mzee, lakini kucha zilikuwa huru. Nifungulie kitambaa hicho."

Mzee Matano hakukataa. Chini ya kitambaa hapakuwa na malengelenge ya uji. Palikuwa na mifereji minne mirefu, imevimba.

"Pepo wa Somoe anataka kilemba cha manyoya ya furukombe," akasema. "Mganga alisema asipokipata atamchukua mtoto. Nikatega tanzi kwa samaki. Aliponasa nikamkanyaga, na sikujua ninalofanya mpaka damu imetoka. Mkono huu, Mbaraka, haujapata kuua kitu bila bismillahi."

"Na paa la Ussi?"

"Nilisikia askari wanapekua. Nikajua hayupo. Nilidhani nyumba tupu hawataingia, nitakuja kuyatoa wakishaondoka."

"Na mnyororo ulipomwingia shingoni? Ulikuwa umesimama pale pale!"

"Niliogopa. Nikifungwa mimi, Somoe ana nani?"

"Ukamwombea dua!" Mbaraka akapiga kelele, na machozi ya hasira yakamtoka. "Ukatuitikisha amin, sote!"

Mzee akaosha kisu, akakiweka darini, akaingia kumwambia mwanawe kwamba anasafiri kidogo. Kisha akatangulia mbele ya askari bila kushikwa.

Pwani maji yalikuwa yamejaa. Askari akamfungua Ussi, na mnyororo ule ule, bado una joto la shingo ya kwanza, akauvisha ya pili. Mzee Matano akaupokea kwa utulivu kama anavaa kanzu. Akamwomba Mbaraka amwangalie Somoe, na Mbaraka akaitikia kwa kichwa.

Ussi alisimama akijisugua shingo. Watu walimngoja atukane.

"Mzee," akasema, "leo alfajiri niliposhuka, wa kwanza kunilaki hapa ulikuwa wewe. Ulinipa mkono. Kwa nini hukuniambia? Ningeyachukua yale manyoya nikayatosa baharini kabla askari hajaamka, na leo sote tungekuwa majumbani kwetu."

Mnyororo haukuwa umemliza Mzee Matano, wala kumuaga mwanawe. Sasa akalia, kwa sauti, mbele ya mji mzima, na Ussi akageuka akashika njia ya kwa mkewe.