Kidole Changu cha Shahada Kiliungua kwa Baridi

Assalaamu alaykum wasomaji wenzangu. Mimi ni mjane wa miaka sitini na mbili, mkaazi wa Tumbe, hapa Pemba. Asubuhi nasomesha watoto wa kike Kurani barazani kwangu, na alasiri nikishawaruhusu hushona kofia za mkono. Mwenyezi Mungu kanipa mengi wala sina ninachomdai. Alhamdulillahi. Lakini shukrani haimzuii mtu kuwa na uchungu, na mimi ninao... umenikaa hapa kooni, haushuki wala hautoki!

Niwaulize kwanza. Mnajua kuwa baridi inaunguza? Mimi nilikuwa sijui. Uzee wote huu, sikujua!

Ninaye mdogo wangu, tumbo moja. Jina lake nalificha, hapa nitamwita Kombo. Mama yetu alifariki Kombo akiwa bado ananyonya. Mimi nilikuwa nimeshaolewa na nina mwanangu mchanga, basi nikawanyonyesha wote wawili. Huyu kulia, huyu kushoto. Nikamlea, nikamsomesha, akakua akawa fundi wa mafriji na mafriza. Alichelewa kuoa, na alipoposa Unguja nikasema kofia ya harusi yake nitamshonea mwenyewe, vitundu vyake vidogo vidogo, ya kuvaliwa na kusifiwa.

Nyumbani nina friza niliyoachiwa na marehemu mume wangu. Majirani huniwekea pweza na nguru wao humo. Siku moja ikaacha kugandisha, nikamwita Kombo. Akaja baada ya adhuhuri na mtungi wake wa gesi, akaugeuza juu chini uani, akaunga mpira wa gesi kutoka mtungini hadi kwenye friza.

Nikaona ule mpira, pale kwenye kiungo, umezungushiwa ukanda wa tyubu ya baiskeli. Nikamuuliza, kulikoni?

"Weye shona kofia, dada, haya n'achie miye," akasema. "Mpira huu mzee kama weye, lakini bado una kazi!"

Nikacheka. Naam, nilicheka!

Akarowesha kitambaa, akanipa, akaniambia nikishike kile kiungo kwa nguvu ili gesi isivuje. Glavu hakuwa nazo, si zake wala za kunipa. Nami sikuwa na shaka hata chembe. Mtoto niliyemnyonyesha angenitakia ubaya?

Alipofungua mtungi, ule ukanda ukachomoka... fyuuu! Ukungu mweupe ukanijaa usoni, pumzi ikanikatika. Mkono wangu wa kulia ukachomwa na sindano zisizo na idadi, zote kwa mara moja. Kisha nikawa sihisi kitu. Kimya. Kama mkono si wangu.

Kitambaa kiliganda kwenye vidole. Kombo akakivuta kwa haraka, na ngozi ikaja nacho! Kidole cha shahada na cha kati vilikuwa vyeupe kama nta, vigumu. Nikavigonga ukutani, vikalia kama vijiti.

Jirani yangu, Bi Raya, alisikia ukelele wangu akaja mbio. Sasa nisikilizeni vizuri, maana hapa ndipo tulipoangamia. Kwetu Pemba kila mtu anaijua dawa ya baridi: mafuta ya karafuu na moto. Mtoto akishikwa na baridi ya kifua, mafuta ya karafuu. Mzee akifa ganzi mguu, mafuta ya karafuu, kisha akae karibu na moto. Basi Bi Raya akanimiminia mafuta, akanisugua vile vidole kwa nguvu zake zote. Kombo akatia makaa kwenye chetezo changu cha kufukizia udi, akanishika mkono akauweka juu yake.

"Moto ukizidi, utautoa," Bi Raya akaniambia.

Nami nikangoja moto uzidi. Nikangoja... nikangoja... nikisoma istighfari. Ningeuhisi vipi, enyi ndugu zangu, mkono uliokwisha kufa ganzi?

Mara Bi Raya akanusa hewani. "Mize, umeweka nini jikoni? Mbona kama nyama inaungua?"

"Sijapika leo," nikamjibu.

Tukatazamana. Tukatazama chetezo. Ya Rabbi! Nyama ilikuwa yangu!

Nilitaka twende hospitali saa ile ile. Kombo akapiga magoti mbele yangu, machozi yakimtoka. Akanieleza kuwa wenye friza kubwa za samaki kule diko, wanakoshukia wavuvi, wanataka kumpa kazi ya kuziangalia zote, na wakisikia kamuunguza dada yake kwa mpira wa kufungwafungwa, basi riziki yake imekwisha. "Dada, n'sitiri," akasema. "N'sitiri, Mwenyezi Mungu akusitiri na weye."

Neno hilo lilinifunga mimi, likamfunga na Bi Raya. Ni mimi ninayewafundisha watoto fadhila ya kumsitiri ndugu yako. Ningeanza vipi kumfedhehesha wangu mwenyewe?

Tukenda kituo cha afya cha karibu. Kabla sijafungua mdomo, Kombo akasema, "Alikuwa akikaanga samaki, kaungua na mafuta."

Muuguzi akanigeukia. "Ndivyo, bi mkubwa?"

Nikatazama sakafu. Yule binti wa watu akanitibu kwa lile aliloambiwa, akanipaka dawa ya moto, akanifunga. Simlaumu. Atautibu vipi ugonjwa aliofichwa?

Kombo akapata kazi yake. Mwanzo alikuwa akija kunijulia hali, kisha akapunguza, kisha akahamia Unguja kwenye kazi kubwa zaidi. Nikipiga simu, haipokelewi. Nikipiga tena, imezimwa. Na vidole vyangu vilivimba, vikatoa malengelenge, mengine yakajaa damu, na maumivu yaliporudi yalirudi na ya wenziwe! Nikasema, subira. Mwenye kusubiri hupata malipo yake. Lakini ncha za vidole zikaanza kugeuka... zambarau, kisha nyeusi kama mkaa.

Hilo lilikuwa la mwili. La moyo lilikuwa linakuja nyuma.

Nikaona barazani kwangu watoto wanapungua. Leo hayupo huyu, kesho hawapo ndugu wawili. Nikadhani wana homa. Hata siku moja nimekwenda diko kununua dagaa, mchuuzi mmoja ninayemjua tangu mdogo akaniambia kwa sauti ya kuhurumia, "Bi Mize, bora upumzike na chuo chako cha Kurani. Kombo katwambia yote."

"Kakwambieni nini?"

Akaona haya, lakini akasema. "Kuwa umeanza kusahausahau. Kuwa ulitia mkono mwenyewe kwenye mafuta ya moto ukidhani maji."

Wasomaji, nilisimama pale na ndoo yangu, samaki wananuka, watu wanapigana vikumbo, na mimi sisikii sauti ya mtu. Mimi nimemsitiri, yeye kanivua nguo mbele ya mji mzima! Mkono wangu haukumtosha, akachukua na akili yangu?

Bi Raya ndiye aliyenipandisha gari hadi hospitali ya mji wa Chake. Daktari alikuwa kijana, mpole, akaufungua mkono akautazama mbele na nyuma. Akaniuliza nimeungua na nini. Ulimi, kwa mazoea, ukasema mafuta.

"Mama, mafuta hayaunguzi hivi," akasema.

Nikataka kuurudisha mkono ndani ya kanga.

"Mama yangu, mimi si hakimu wala si shehe. Mimi ni daktari. Sema nikutibu."

Nikalia, nikamwambia yote. Gesi, kitambaa, mafuta ya karafuu, chetezo. Nilipofika kwenye chetezo, akafumba macho.

Akanieleza polepole, na ninawaandikia kama nilivyoyafahamu. Ile gesi, ikitoka ikiwa bado majimaji, hugandisha nyama papo hapo. Kilichotakiwa ni kuondoka penye gesi, tupate hewa. Kitambaa kilichoganda hakivutwi, hulainishwa kwa maji ya uvuguvugu mpaka kiachie chenyewe. Pete zivuliwe kabla kidole hakijavimba. Kisha mkono utiwe kwenye maji ya uvuguvugu, kama yale tunayomkoshea mtoto mchanga, na mwenye kuyapima awe mtu mwingine kwa mkono wake mzima, maana mgonjwa hahisi. Usisuguliwe! Usioteshwe moto! Malengelenge yasipasuliwe. Ufunikwe kwa kitambaa safi, kikavu, kisichobana, na baina ya kidole na kidole kuwe na kitambaa. Na mgonjwa apelekwe hospitali siku ile ile, aseme kweli.

"Baridi ilianza kazi," akaniambia kwa huzuni. "Kuusugua kukaongeza, makaa yakamaliza."

Nilidhani atakata hapo hapo. Akasema hapana, tungoje mwili wenyewe ubainishe nyama iliyo hai na iliyokufa. Basi nikarudi Tumbe kungoja. Mnajua ilivyo kuamka kila alfajiri, ukatawadha kwa tabu, ukatazama kidole chako mwenyewe kikikauka kama karafuu kwenye jamvi? Nilisubiri, lakini nisiwaongopee... nilikuwa nakasirika mpaka kwenye mswala! Namkasirikia Kombo, namkasirikia Bi Raya na chupa yake ya mafuta, kisha natubu, kisha nakasirika tena.

Mwisho vikakatwa. Cha kati kiliondoka ncha. Cha shahada kiliondoka hadi kiungo cha pili.

Kilikuwa kidole changu cha kuwaonyeshea watoto herufi. Kilikuwa kidole changu cha kusukumia sindano.

Bado sijapona vizuri, simu ikalia. Kombo! Nikasema leo kakumbuka, leo ataomba radhi. Akanisalimu vizuri, akauliza habari za Tumbe, kisha akasema, "Dada, harusi imekaribia. Kofia yangu imefikia wapi?"

Hakuuliza mkono. Aliuliza kofia!

Nikamwambia, "Kofia yako ipo kwenye sanduku, na sindano bado imo ndani, pale pale ilipokuwa mchana ule. Kidole cha kuisukuma kimezikwa nyuma ya nyumba, chini ya mti wa mlangilangi. Uje ukizuru."

Kisha akasema kwa sauti ndogo, "Dada, yale ya diko yalikuwa maneno tu."

"Basi njoo uyarudishe," nikamwambia. "Usimame pale pale diko, mbele ya wale wale uliowaambia, useme nilikuwa nimeshika mpira wako. Nitakumalizia kofia hata kwa mkono wa kushoto."

Hajaja. Nasikia alifunga ndoa na kofia ya dukani.

Mkono nimemsamehe, na Mwenyezi Mungu ni shahidi. Ila akili yangu bado hajanirudishia, na hiyo siwezi kumsamehe akiwa bado anayo.

Wasomaji wenzangu, mafundi, kina mama wenye mafriza majumbani! Msishikie mtu mpira wa gesi kwa mkono mtupu, hata akiwa mtoto wa tumbo lenu. Baridi ya gesi si baridi ya mvua, msiipelekee moto wala mafuta ya karafuu. Na nyinyi mnaopenda kusitiri, kama mimi... sitirini aibu ya mtu, lakini jeraha msimfiche daktari! Kidonda hakina siri. Kitasema tu, kitakapooza.

Watoto wanaanza kurejea barazani, mmoja mmoja. Bi Raya alikwenda nyumba kwa nyumba kusema kweli, na kosa lake mwenyewe akalisema. Na kila swala, nikifika kwenye tahiyatu, nakinyanyua kidole changu cha shahada kama nilivyofundishwa utotoni. Kimebaki kifupi, ncha yake haina ukucha. Nakinyanyua hivyo hivyo. Mola wangu anakiona.