Kamba ya Chelel

Nyumbani kwa Chemutai, pale Chepseon, siku ilianza na ng'ombe. Watu walifuata. Kabla hajawasha moto wa chai, kabla hajamwamsha mwanawe Weldon aende shule, Chemutai alishuka hadi zizini akiwa na shuka begani.

"Chamgei, mama," alimsalimia ng'ombe kwa Kikipsigis. "Umeamkaje?"

Chelel alimpulizia pumzi ya moto mkononi. Alikuwa ng'ombe mweusi, na usoni ana baka jeupe. Mpole, lakini mjuaji. Ukimpita bila kumpa chumvi, anakusukuma mgongoni kwa kichwa. Majirani walimtania Chemutai kwamba anaongea na ng'ombe zaidi kuliko anavyoongea na mumewe Kipkurui. Hakubisha. Ilikuwa kweli tupu.

Lakini Chelel hakuwa wake.

Zamani, Weldon alipokuwa anajifunza kutembea, nyumba hii haikuwa na tone la maziwa. Alexander, rafiki wa Kipkurui tangu utotoni, alitembea kutoka Kipkelion akimvuta Chelel, wakati huo akiwa mtamba, kwa kamba. "Kaeni naye," alisema. "Maziwa ni yenu. Ng'ombe ni wangu." Wakipsigis wanaita mpango huu kimanagan. Hauandikwi popote. Ndama wakizaliwa, ni wa mwenye ng'ombe. Ng'ombe akifa, aliyemtunza anapeleka ngozi kwa mwenyewe, ili aione kwa macho yake na ajue hakudanganywa.

Miaka ilikwenda. Ndama wa Chelel walirudi kwa Alexander mmoja mmoja. Kisha Alexander akaugua, na ndama wote wakauzwa kwa ajili ya hospitali. Hata hivyo hakupona. Siku ya mazishi, mjane wake Nelvine alimshika Chemutai mkono.

"Mama Weldon," alisema, "sina ng'ombe mwingine. Chelel akizaa, nitakuja kumchukua na ndama wake. Binti yangu Phanice na wadogo zake wanakunywa turungi asubuhi na jioni."

Turungi ni chai isiyo na maziwa. Kwa Mkipsigis, kumpa mtoto turungi kila siku ni aibu inayouma.

"Utamkuta amenona," Chemutai alimjibu. "Sitakurudishia mifupa."

Aliisema ahadi hiyo kwa moyo wake wote. Na hapo ndipo taabu ilipoanzia.

Mwaka huo mvua ilikataa kuondoka. Mahindi yalikomaa shambani, wakayavuna, lakini majani chai nayo yalikuwa yamechipuka kweli kweli. Majani hayangoji mtu. Usipochuma leo, kesho yamekomaa na kwenye kituo cha kununulia majani wanayakataa. Basi Kipkurui na Chemutai walirundika mahindi chini, kando ya nyumba, wakayafunika kwa nailoni. Wakaenda kuchuma majani.

Walipopata nafasi ya kupukuchua, Chemutai aliingiza mkono katikati ya rundo. Palikuwa na joto.

"Baba Weldon, haya hayajakauka," alisema.

"Tutaanika jua likitoka."

Jua lilitoka kidogo, likarudi ndani. Kipkurui akayatia mahindi kwenye magunia ya nailoni, akayapanga stoo juu ya udongo, yakiegemea ukuta. Alikuwa amechoka. Hakuna mvivu katika nyumba hii, msomaji, tusije tukawahukumu bure.

Baada ya wiki kadhaa, stoo ilianza kunuka. Punje nyingine zilikuwa na ukungu wa kijani, nyingine zimeshikana kama kande iliyolala. Chemutai alikaa chini na ungo, akachambua. Mazuri akayaweka upande huu, ya kula. Mabaya upande ule. Mahindi mabaya yanaitwa maozo, na huku kwetu hakuna anayeyatupa. Mama yake Chemutai aliwapa mifugo, na nyanya yake vilevile.

"Mpe Chelel," Kipkurui alisema. "Tumbo lake ni kubwa. Ukungu kidogo utamfanya nini?"

Chemutai aliyapeleka kusagwa. Kila jioni alimchanganyia Chelel unga huo na chumvi, akasimama karibu naye akimkuna shingo mpaka amalize. Katika zizi lilelile kulikuwa na mtamba mdogo, wa kwao wenyewe, aliyetoka kwa wazazi wa Chemutai. Huyo hakupewa unga. Alikula nyasi za nepia tu. Unga ulikuwa heshima ya Chelel, ng'ombe wa watu.

Mbwa wao, Bosi, alizoea kulamba mabaki ya unga kwenye karai. Siku moja alitapika, akalala chini ya mti wa parachichi, hakuamka tena.

"Atakuwa ameumwa na nyoka," Kipkurui alisema, akamzika. Laiti wangalijiuliza zaidi. Lakini hawakujiuliza.

Haikupita muda mrefu, Chelel akaanza kubakiza chakula. Halafu akakiacha kabisa. Chemutai alipomkuna shingo hakugeuza kichwa. Akamfunua jicho. Pale palipokuwa peupe palikuwa pa manjano.

Kipkurui alimpigia simu Akello, daktari wa mifugo. Akello ni mzaliwa wa kule kando ya ziwa, lakini amefanya kazi Chepseon hadi anajua zizi la kila mtu. Alifika kwa pikipiki, buti zake zimejaa matope. Alichelewa kidogo tu. Ndama alikuwa ameshatoka kabla ya wakati wake, mfu, na manyoya yake bado hayajakamilika. Chelel alikuwa amelala ubavu.

Akello alimpima, akamdunga sindano, akamtoa damu ya kupima. Kisha akauliza, "Amekuwa akila nini?"

"Sijamnyima kitu, daktari," Chemutai alisema. "Nimekuwa nikimpa unga wa mahindi. Kila siku."

"Hebu niuone."

Chemutai alileta karai. Akello alichota unga, akaunusa. Alipoinua uso hakumtazama ng'ombe tena. Aliwatazama wao.

"Mama, nani mwingine amekula mahindi haya?"

"Mbwa," Chemutai alisema. "Sisi tumekula yale mazuri."

"Kutoka gunia moja?"

"Gunia moja."

Akello aliketi juu ya jiwe, akaongea polepole. "Sikilizeni. Ukungu wa mahindi unatengeneza sumu. Inaitwa aflatoksini. Sumu yenyewe huwezi kuiona. Ukichambua unaondoa punje mbovu, lakini punje inayoonekana nzuri inaweza kuwa nayo pia. Kupika hakuiui. Kusaga hakuiondoi. Ng'ombe akila, inaharibu ini lake. Na akiwa anakamuliwa, nyingine inatoka na maziwa, inaingia kwa mtoto."

"Chelel alikuwa ameshaacha kukamuliwa," Kipkurui alisema haraka.

"Afadhali hivyo. Lakini kesho mpeleke Weldon zahanati, na ninyi mpimwe. Mahindi hayo msile tena. Nitachukua kidogo yapimwe maabara, tuwe na hakika."

Chemutai hakuwa akisikia vizuri. Alikuwa anaitazama mikono yake, ile iliyokuwa inachanganya unga.

Chelel alikufa kabla ya jua kupanda. Chemutai alikuwa amekipakata kichwa chake. Alilia kwa sauti, hakujali nani anasikia.

Kipkurui alikuja na kisu cha kuchunia. Akello, aliyekuwa amerudi kumwona mgonjwa wake, alimzuia.

"Ng'ombe aliyetupa ndama na kufa hivi hachunwi. Hujui ana ugonjwa gani mwingine. Msile nyama. Mzikeni mzima, shimo liwe refu, mbali na mto."

"Na ngozi?" Kipkurui aliuliza. "Daktari, huyu ni ng'ombe wa mtu. Nitampelekea nini Mama Phanice?"

"Hapo siwezi kukusaidia, Baba Weldon," Akello alisema kwa huzuni.

Walimzika Chelel, na ndama wake kando yake. Jioni Kipkurui alisema akiwa ameinama, "Tumwambie ni ugonjwa. Ng'ombe wanakufa kila mahali. Nani atauliza?"

"Mimi ndiye nilimlisha," Chemutai alijibu. "Nikimdanganya mjane wa Alexander, nitakula na nani tena? Nitakwenda mimi."

Majibu ya maabara yalithibitisha sumu, na mahindi yote wakayafukia shimoni. Weldon alipimwa, nao wakapimwa. Mungu aliwahurumia, walikuwa wazima. Kisha Chemutai akaikunja kamba ya Chelel, akaitia mfukoni mwa sweta, akashika njia ya Kipkelion.

Nelvine alikuwa nje. Juu ya ua alikuwa amepanga vibuyu vyake vya maziwa, ameviosha, vinakauka. Miaka miwili vibuyu hivyo vilikuwa vimekaa bure. Kando ya nyumba kulikuwa na hori jipya la mbao, bado linanukia vumbi la msumeno.

"Karibu, Mama Weldon. Amezaa?"

Chemutai alitoa kamba, akaiweka mikononi mwa Nelvine.

Nelvine aliitazama. "Ngozi iko wapi?"

"Sina ngozi. Daktari alikataa achunwe." Chemutai alipiga magoti pale pale kwenye nyasi. "Nilimlisha maozo, Mama Phanice. Nilitaka umkute amenona. Yalikuwa na sumu. Ndama alikufa, na yeye akamfuata. Hakuna aliyemuua isipokuwa mkono huu."

Nelvine alianza kuvitoa vibuyu kwenye ua, kimoja kimoja, akaviingiza ndani. Alipotoka, macho yake yalikuwa mekundu.

"Baba Phanice aliwaamini," alisema. "Alipokuwa kitandani alinituliza. Alisema, Chelel yuko, hamtalala njaa."

"Najua."

"Hujui. Wewe una mume."

Chemutai aliinamisha kichwa. Neno hilo lilikuwa haki ya Nelvine, akalipokea.

Kisha Nelvine akauliza, kwa sauti nyingine, "Hayo maozo yalikuwaje?"

"Ya kijani. Mengine meusi. Yananuka ardhi."

Nelvine aliinuka, akaenda stoo. Alirudi akiburuta gunia, akalifungua. "Kama haya?"

Chemutai aliingiza mkono. Harufu ileile ikampanda puani.

"Nilimwekea Chelel," Nelvine alisema. "Niliyachambua mwenyewe, nimpe akifika. Na kuku wangu wanakufa, nikadhani ni ugonjwa wa kideri." Mara akajishika kifua. "Na yale mengine, yale mazuri, Phanice ameyapeleka kusagwa leo."

"Mwite," Chemutai alisema. "Mwite sasa hivi."

Nelvine alipiga simu. Phanice alikuwa bado kwenye foleni ya kinu. Aliambiwa arudi na gunia lake lilivyo.

Wanawake wale wawili walichimba shimo nyuma ya nyumba. Waliyamwaga mahindi yote, mabaya na yale yaliyoonekana mazuri, wakafukia, wakakanyaga udongo. Njaa ya miezi kadhaa ilikuwa ndani ya shimo lile, na wote wawili walijua. Nelvine alilia akimtaja Alexander. Chemutai alilia naye. Jioni ilipoingia alimwachia Nelvine shuka lake, akarudi nyumbani.

Msimu uliofuata watu wa Chepseon waliona mambo mageni kwa Chemutai. Mahindi yalipokomaa, majani chai yalisubiri siku mbili. Kituoni walimcheka.

"Siku hizi umekuwa tajiri, unaacha majani?" mmoja alimtania.

"Nilizika ng'ombe wa watu," alijibu. "Cheka, ukimaliza uje nikuonyeshe."

Na walikuja. Akello alikuwa amewafundisha, na Chemutai sasa aliwafundisha wengine. Mahindi hayakugusa udongo tena. Waliyaanika juu ya turubai, wakayageuza mara kwa mara, na wingu likitanda wakayaingiza upesi. Kipkurui alijenga ghala jembamba la mabanzi, limeinuliwa juu ya nguzo ili hewa ipite. Magunia yalikaa juu ya mbao, mbali na ukuta.

Jambo lililowapendeza watu zaidi lilikuwa chupa. Chemutai alichukua chupa ya kioo iliyokauka, akatia punje za mahindi na chumvi kavu. Akaifunga, akaitikisa, akaiacha kidogo.

"Tazameni," alisema. "Chumvi imeshika kwenye kioo. Haya bado yana maji. Tunarudisha juani. Siku chumvi isiposhika, ndiyo tunaweka ghalani."

"Na maozo machache yakipatikana?" mama mmoja aliuliza. "Kuku je?"

"Kuku hapana. Ng'ombe hapana. Mbwa hapana. Unayafukia."

Kwa Nelvine alikwenda mwenyewe na turubai na chupa. Wakaanika pamoja. Gunia la kwanza lililokauka ghalani kwa Chemutai lilikwenda Kipkelion.

Mtamba wao mdogo, yule aliyekula nepia tu, alikua. Akapata mimba. Asubuhi moja Kipkurui na Chemutai walimtoa zizini, wakamtembeza hadi kwa Nelvine, kama Alexander alivyotembea na Chelel.

"Huyu si wa kutunza," Kipkurui alisema. "Huyu ni wako, Mama Phanice. Na ndama wake."

Nelvine aliingia ndani, akatoka na ile kamba. Alikuwa ameitundika ukutani, chini ya picha ya Alexander. Alimfunga nayo mtamba shingoni, fundo moja, taratibu.

"Nimlishe nini?" aliuliza.

"Nepia na maji safi," Chemutai alisema. "Na mahindi, yale tu ambayo ungempa Phanice."

Siku hiyo walikunywa turungi, kwa kuwa maziwa yalikuwa bado. Mvua zilipokwisha Chemutai alikwenda tena kumsalimia. Nelvine alimmiminia chai, na ilikuwa nyeupe. Chemutai alikishika kikombe kwa mikono miwili, machozi yakamtoka, na Nelvine akamwacha alie.