Mwitikiaji wa Tatu

Mwangwi wa kisima cha Kiilu ulikuwa umeanza kuwahi. Mtu akiinama na kuita "Vuta!", neno lilimrudia kabla hajalimaliza. Arbaco ndiye aliyegundua jambo hilo, asubuhi alipokuwa akizungumza na mumewe aliyekuwa chini akichota tope.

"Baba Maano, toka humo. Hiki kisima kinatusikiliza."

Mursal alitoka, lakini hakuwa na pa kwenda. Mwaka ule wa ukame serikali ilikuwa imepiga karantini ya mifugo, na ng'ombe aliowatoa kaskazini kwenda kuwauza walizuiliwa hapo kijijini Nuu. Mbele hawakuruhusiwa, na nyuma hakukuwa na jani. Kiilu, mwenye shamba, aliwaonea huruma akawaachia kisima chake. Sasa kisima nacho kilikuwa kinakauka, na ng'ombe walisimama wakilamba debe tupu.

"Nitaimba," Mursal alisema.

Arbaco alihisi baridi, na jua lilikuwa kali. Wazee wa Mursal walikuwa na wimbo wa kuamsha maji. Mmoja huimba chini ya kisima, mwingine huitikia juu, na maji hupanda yakiufuata wimbo. Lakini haukuimbwa kwenye kisima chenye mwenyewe, yaani pepo akaaye ndani ya maji, kwa sababu naye huitikia. Akishaanza, binadamu hawana ruhusa ya kunyamaza. Wakiacha nafasi, yeye huichukua, na aliye chini hatoki tena.

"Maano yuko Makindu kwa shangazi yake anatungoja," Arbaco alisema. "Nikirudi bila wewe nitamwambia nini?"

"Na tukirudi bila ng'ombe tutamlisha nini?"

Akajifunga kamba kiunoni, akashuka.

Aliimba polepole, na Arbaco akaitikia akiwa amepiga magoti ukingoni. Muda haukupita mrefu, harufu ya udongo uliolowa ikapanda. Maji yalikuwa yanakuja. Kiilu, aliyeshika kamba, akacheka kwa furaha.

Kisha Arbaco akasikia mwitikio wake kabla hajafungua mdomo. Ulitoka chini. Ilikuwa sauti yake Arbaco, na mkwaruzo wake wa koo.

Kiilu akaacha kucheka. "Mama, ni wewe?"

Arbaco alitikisa kichwa huku akiimba, kwa kuwa hakuthubutu kunyamaza.

"Nikimbie nimwite Syokau, mganga wetu," Kiilu alinong'ona, akaifunga kamba kwenye mti, akaondoka mbio.

Jua likapanda hadi utosini na Arbaco bado anaitikia, midomo imepasuka, koo linawaka, na kila alipovuta pumzi ile sauti ya chini ilijipenyeza katika ule upenyo mdogo na kumalizia neno lake, kila mara mapema zaidi, kila mara tamu zaidi, mpaka hakujua tena kama yeye ndiye anayemwitikia mumewe au ni yeye anayeiga kwa kuchelewa, na Mursal huko chini, maji yakimfika kifuani, aliimba kama mtu anayelia, kwa kuwa naye hakujua tena mkewe ni yupi.

Syokau alifika na ngoma yake ya kilumi, ile ipigwayo watu wanapoandamwa na pepo. Alisikiliza kidogo, akakunja uso.

"Huyo hafukuzwi na maneno. Maneno ndiyo chakula chake. Nitamziba masikio kwa ngoma, asisikie mkinyamaza. Nikipiga, funga mdomo, uvute."

Arbaco alimtazama kwa woga, akaliimba swali lake ndani ya mwitikio. "Mwaitu, mama yangu, na akisikia?"

"Vuta tu, mwanangu."

Ngoma ikalia. Ukingo ukatetemeka, changarawe zikaporomoka, na Arbaco akafunga mdomo. Yeye na Kiilu wakavuta. Kamba ilikuwa nzito kama imefungwa ng'ombe, halafu ghafla ikawa nyepesi, na Mursal akaibuka, amelowa, akakaa chini akihema. Syokau akaacha kupiga.

"Sema mtoto wako anaitwa nani," alimwambia, kumjaribu.

"Maano."

Arbaco akamkumbatia, akalia. Ng'ombe, na kiu yao yote, walikuwa wamerudi nyuma hadi kwenye miiba.

"Tufukie haraka," Syokau akasema, nao wakaanza kutupa mawe. Walikuwa wametupa mawe machache tu waliposikia sauti ya Mursal ikitoka chini kwenye maji.

"Mama Maano! Mbona mnanifukia?"

Jiwe likamponyoka Kiilu mkononi.

"Usimjibu," mtu aliyelowa akasema upesi. "Ni yeye, anakudanganya."

Arbaco alimwangalia, akaliangalia shimo. Jina la Maano alikuwa amelitaja yeye mwenyewe hapo ukingoni, kwa sauti. Yeyote aliyekuwa chini alilisikia.

"Mwaitu, niambie!"

"Mume ni wako," Syokau akajibu kwa unyonge. "Mimi simjui."

Chini, sauti ikaacha kuita. Ikaanza kuimba, kwa taabu, mstari wa kwanza, kisha ikanyamaza, ikamwachia Arbaco nafasi aitikie. Mwili wake wote ulitaka kuitikia. Lakini aliogopa mtego. Akauma midomo, akainua jiwe kubwa kuliko yote, akaliachia. Maji yakaruka, kisha kukawa kimya.

Ndipo nyuma yake, yule aliyevutwa kisimani akaitikia wimbo, kwa sauti ya Arbaco.