Hosti Iliyorudi

Hosti ya kwanza kuharibika ilikuwa na unywele ndani yake.

Blandina alizioka hosti hizo, vile vimkate vyembamba vya Komunyo, kila Alhamisi alasiri, uani, juu ya seredani ya makaa: unga wa ngano na maji matupu, bila chumvi wala hamira, ukibanwa baina ya mabapa mawili ya koleo la chuma lililochongwa msalaba. Mumewe, Mwalimu Kolumba, aliyesomesha katekisimu na kutunza vyombo vya madhabahu katika kanisa lao pale mjini, ndiye aliyezikata duara na kuzipanga koponi. Siku hiyo aliinua moja kwenye mwanga akaona uzi mweusi umepita katikati ya msalaba. Akauvuta. Ukaja, ukaendelea kuja, mrefu, umenyooka, umelowa kama kitu kilichotoka kinywani. Nywele za Blandina zilikuwa fupi, za kipilipili. Kolumba akautupa motoni, na harufu iliyopanda haikuwa ya nywele zinazoungua. Ilikuwa ya ng'onda, samaki mkavu, aliyerowa mvua.

Ulikuwa mwaka wa pili tangu kutawazwa Malkia wa Waingereza, na miezi michache tangu Blandina azae mtoto aliyekufa kabla ya kubatizwa. Walimzika bila ya jina. Blandina hakulia. Kolumba, ambaye hakujua la kumwambia, alimshukuru kimoyomoyo kwa kutolia kwake.

Harufu ile iliingia ndani ikakaa. Kolumba alifua chandarua, akamwaga maji ya mitungi, akapekua chini ya kitanda kutafuta panya aliyekufa. Mwishowe akagundua kwamba inatoka kinywani mwa mkewe, na kwamba imechanganyika na harufu ya barandi, katika nyumba ambayo haikupata kuingia ulevi isipokuwa divai ya madhabahu. Kisha akaanza kusikia kutafuna. Mchana, mji ulipolala usingizi wa baada ya chakula, alimgeukia mkewe akaona midomo imefungwa na taya zimetulia, na sauti bado inaendelea, taratibu, ya kitu chenye meno mengi kinachotafuna kitu laini. Wala haikutoka kinywani bali chini zaidi, kifuani.

Alimkuta akila vipande vya mishumaa ya kanisani. Alimkuta akikomba unga mbichi kwa vidole na kuramba kucha. Siku moja alimkuta amelitoa koleo motoni analiramba, ulimi umetoka malengelenge, naye anatabasamu. Na alikuwa akisali. Alisali kuliko mtu yeyote ambaye Kolumba alipata kumjua, mfululizo, kwa sauti nzito, na kila alipofika "Amina" alipiga midomo kama mtu aliyemaliza mchuzi mtamu. Kolumba alianza kula akimpa mgongo. Akimgusa, alikwenda kunawa mikono, na akinawa alijiona mchafu zaidi, kwa kuwa ndiye mwanamke aliyemwahidi mbele ya madhabahu kumtunza katika afya na katika maradhi.

Alimpeleka kwa daktari. Daktari, kijana wa Kihindi mpole, hakucheka wala hakushtuka. Aliuliza juu ya mtoto, akasikiliza mpaka mwisho. Akasema kwamba akili huugua kama pafu linavyougua, na kwamba huzuni ikikosa pa kutokea hutoboa penginepo. Si aibu, wala si dhambi. Alitoa chupa ya dawa yenye harufu kali ya kuchoma pua. Blandina aliinywa yote palepale, akauliza kama ipo nyingine. Basi daktari akasema ni bora alazwe kwenye hospitali ya wagonjwa wa akili, na kwamba Jumatatu atapeleka gari.

Kolumba alimsadiki kila neno. Hata hivyo, njia nzima ya kurudi alimuona akilini mwake Blandina amekaa chini kwenye pembe ya ukuta, ndani ya nguo isiyokuwa yake, mlango umefungwa kwa nje, hakumbuki hata jina la mumewe. Akajiambia kuwa kabla ya Jumatatu lazima apone.

Upande wa pili wa ua alikaa Bi Mwatima, mjane wa Kitumbatu, mwenye ulimi mwepesi. Alikuwa amenyamaza wiki nzima, jambo ambalo halikuwa kawaida yake. Siku hiyo alimngoja Kolumba penye kisima.

"Shikamoo, Bi Mwatima."

"Marahaba. Mwalimu, hayo si maradhi ya dawa ya chupa. Nnamjua kwa harufu. Huyo Mbuki."

Akamweleza kwa sauti ya chini, jicho kwenye mlango. Kuna mapepo ya Kiarabu, kuna ya shamba, na kuna haya yaliyokuja kutoka Bukini, kile kisiwa kikubwa cha kusini. Haya hunywa barandi, hupenda nguo nyeupe na mambo ya heshima, na dini yao ni ya Kikristo. "Sisi tukiwasomea hawatujali," alisema, akacheka kidogo puani. "Ni watu wenu hao. Hata salamu zenu wanazijua."

Alikuwa na fundi wake wa mapepo mtaa wa Mlandege, mwanamke mzima, mstaarabu. Pepo hatolewi kwa ubabe, alisema. Huulizwa jina lake na haja yake, akapewa, akatulia. Kolumba alimjibu kwa adabu kwamba haiwezekani. Miaka yote aliwafundisha watoto kuwa kupunga pepo ni kumpigia goti Shetani, na kila Mkristo aliyefanya hivyo aliwekwa mbali na Meza ya Bwana. Angemwita Padre.

Bi Mwatima aliacha kucheka.

"Basi mwiteni. Mrushieni maji, mpigeni kelele, mtakavyo. Lakini chakula chenu msimpe, Mwalimu. Mgeni akilishwa cha kwao hahami, ila hukifuata kiendako."

Padre Ambrosi alikuja Jumamosi alasiri, mzee wa Kimakua, amebeba kikasha cha fedha chenye Komunyo ya wagonjwa. Alimnyunyizia Blandina maji ya baraka. Blandina aliyaramba matone yaliyomteremka mashavuni, moja baada ya moja, kwa ulimi ambao Kolumba aliuona mrefu kuliko unavyopaswa kuwa ulimi wa mtu. Padre akaamuru, kwa jina la Bwana, kilichomo kitoke. Na katika koo la Blandina ikaja sauti ya kiume, tulivu, ya adabu.

"Amina, Padre."

Mkono wa Blandina ukapanda, ukafanya ishara ya msalaba, bila kosa.

Padre alinong'ona kwamba bila shaka hiyo ni neema, kwamba mgonjwa ameitikia. Akafungua kikasha. Kolumba alikumbuka maneno ya kisimani. Angewezaje kumwambia Padre asimpe mkewe Mwili wa Bwana kwa kuogopa kwamba utamnenepesha aliyemo ndani? Akapiga magoti, akashika kitambaa chini ya kidevu cha Blandina, na kidevu kilikuwa kimelowa.

Blandina akapokea. Akafumba macho. Kule kutafuna kukaanza kifuani, kwa pupa, kukaenda kwa haraka, na tumbo lake likapanda na kushuka chini ya kanga kama gunia lenye paka ndani yake, na harufu ya ng'onda ikajaa chumbani hata Padre akaziba pua kwa mkono ulioshika kikasha, na kabla Kolumba hajarudi nyuma Blandina aliinama akatapika, si chakula, maana hakuwa amekula chakula siku nyingi, bali uji mweusi mzito uliokuwa na nta na nywele ndefu zilizonyooka zilizosokotana kama mizizi, ukamwagika juu ya kitambaa na mikono ya mumewe na sakafu. Na juu ya uji huo ikaelea hosti, nzima, nyeupe, kavu, kana kwamba imetoka koponi sasa hivi, ikaanza kuteleza polepole kuelekea kwenye ufa wa sakafu.

Padre aligeukia ukutani. "Usiguse," alisema kwa shida. "Nipe nafasi, nitaifunga kwenye kitambaa. Tutaichoma."

Lakini Kolumba alikuwa akiutazama ufa. Hata chembe isiguse ardhi: alilifundisha hilo kwa miaka, watoto wakalighani mpaka wakalala nalo. Mgonjwa akiirudisha, ni ya kuchomwa, au ya kuliwa kwa heshima. Kitambaa kilikuwa kimekwisha chafuka. Hosti ilikuwa imeshafika ukingoni. Aliinama, akaiokota kwa vidole viwili, unywele mmoja umeifuata, akaitia kinywani.

"Kolumba," alisema Blandina. "Usimeze."

Ilikuwa sauti yake mwenyewe, ndogo, iliyokauka. Kolumba hakuwa ameisikia tangu siku ya maziko. Alimtazama kwa furaha iliyomjaa mpaka kooni, na kwa furaha hiyo akameza.

Jumapili Blandina alilia. Alianza alfajiri, akalia kama wanavyolia wanawake wote waliofiwa, akimwita mtoto kwa jina ambalo hakupata kumwambia mtu. Bi Mwatima alikuja akaketi naye, akamkanda mgongo, akamnywesha uji kwa kijiko. Baadaye wakafagia ua pamoja. Blandina alikuwa amekonda, amechoka, lakini mzima. Kolumba alikaa chumbani peke yake. Alitaka kwenda kumshika mkono. Hakwenda, kwa sababu kila alipomsikia akilia, mate yalimjaa kinywani.

Gari lilikuja Jumatatu, na wanaume wawili wa kaki wakabisha hodi. Blandina mwenyewe aliwafungulia, amevaa kanga safi, kichwa amekifunga vizuri. Aliwashukuru. Aliwaomba wamfikishie daktari salamu zake, wamwambie kwamba alikuwa mgonjwa na sasa hajambo. Walitazamana. Mmoja akauliza, kwa upole, kama mwenye nyumba yupo, ili waisikie kutoka kwake.

Blandina akageukia chumbani. Kule ndani kopo la hosti lilianguka sakafuni, nalo kwa mlio wake lilikuwa tupu.

"Kolumba!" aliita. "Njoo uwaambie."

Kwanza kilisikika kitu kinatafuna, taratibu. Halafu ikajibu sauti ya kiume, tulivu, ya adabu, ambayo Blandina alikuwa ameisikia kwa wiki nyingi ndani ya koo lake mwenyewe.

"Naam."