Bustani Ukutani kwa Katekista

Siku ya gulio, stendi ya Geita haina adabu: utasukumwa, utakanyagwa, na hakuna wa kukuambia samahani. Anisia, kitenge cha njano kiunoni na beseni la dagaa kichwani, alisukumwa mpaka akaikumba ndoo ya Ansgar, mchoraji. Kitenge kikapata doa la kijani.

"Pole, dada. Hiyo ilikuwa rangi ya majani."

Anisia akatazama ukuta wa gesti. Ansgar alichora majumba ya Kiingereza tu, aliyoyajua kwa kalenda kuukuu ya misheni: madirisha tele, maua, vichaka vilivyokatwa mviringo.

"Bustani yote hii haina hata mchicha?"

"Wao wanapanda ya kutazama."

"Sasa wanakula nini?"

Ansgar akacheka, akaomba namba. Tangu hapo simu hazikupoa. "Mwingereza wangu, umekula?" "Bado, mchicha wangu."

Gesti na baa zote mpaka Kharumwa zilikuwa na majumba ya mkono wa Ansgar, ila jumba zuri kuliko yote alimwekea Anisia. Kabla ya kutuma washenga Nkome kwa mzee Luka, katekista, baba yake Anisia, aliisubiri familia iende msibani, akalichora kwenye ukuta wao unaotazama barabara. Mapenzi upofu, jamani.

Simu ikalia.

"Ansgar, umenifanyia nini? Wachimbaji wanagonga mlango wanataka vyumba. Mmoja kamuuliza mama bei yangu. Nyumba ya katekista!"

"Mpenzi, nilitaka kukupamba."

"Umenitangaza." Akakata, na hakupokea tena.

Ansgar alipofika na ndoo ya chokaa, ng'ombe wa mahari wa mchumba mwingine, wa Tinde, walikuwa wameshaingia zizini. Mzee Luka alikuwa ameharakisha kumwoza binti kabla jina halijaoza.

"Shikamoo, baba."

Mzee alinyoosha kidole ukutani, akaingia ndani.

Ansgar akapaka chokaa. Anisia akatoka, macho yamevimba, amejitanda kile kitenge chenye doa.

"Baba aliponiuliza, nilikuwa na hasira. Nikasema ndiyo."

"Tuondoke, Anisia. Sasa hivi."

"Ng'ombe wameshapokelewa. Nikiondoka, mama ataitwaje hapa Nkome?"

Ansgar alimpenda, na hilo halikusaidia kitu.

Chokaa mbichi haifichi. Chini yake madirisha yalionekana, na maua yote.

"Mbona bado lipo?" Anisia akauliza, sauti ikipata uhai kidogo. "Ansgar, halijafutika."

Ansgar aliijua kazi yake, akaiweka ndoo chini. Jua lilikuwa kali. Wakasimama bega kwa bega wakitazama, mpaka ukuta ukakauka, mweupe wote.